Kufuli la Mama Cherehani

Mimi nilikuwa nimechoka, na nataka hilo lieleweke kabla sijasema lingine. Si uchovu ule wa siku moja, unalala nao unaamka umekwisha. Nilikuwa nimechoka magoti, nimechoka mgongo, nimechoka kusimama kwenye mlango uleule kila asubuhi ya Mungu nikisalimiana na watu walewale. Na kuliko yote, nilikuwa nimechoka kumsubiri Mama Cherehani.

Mlango wenyewe uko ubavuni mwa msikiti wetu wa zamani, ndani ya ua, ukishapita mahali pa kutawadhia. Nyuma yake kuna chumba kidogo chenye paa la kuba, na katikati ya chumba kuna kaburi la Bibi. Jina lake hakuna anayelijua. Sisi tunasema alikuwa binti wa mwalimu, aliyehifadhi Kitabu chote na kuwafundisha wanawake wenzake. Wa kanisani wanasema alikuwa mtawa aliyeuguza wagonjwa wa ndui mpaka ndui ikamchukua na yeye. Wa hekaluni wanasema ni mama tu, mama wa wote, na wanawake waliokosa watoto humletea maua. Ubishi huo ni wa tangu enzi za mababu, na Bibi mwenyewe hajasema neno.

Zamani ubishi ulikuwa wa mawe na marungu. Ndipo wazee wa pande tatu wakakaa kitako wakapitisha jambo ambalo mpaka leo sijui kama lilikuwa busara au kukomoana: mlango uwe na komeo moja la chuma na makufuli matatu, kila upande na lake. Asubuhi yote yafunguliwe na wenyewe, na kabla ya magharibi yote yafungwe na wenyewe. Mmoja asipotokea, mlango haufunguliwi, hata aje nani. Na mtu asiguse kufuli la mwenzake, hata kwa kulipangusa vumbi.

Upande wetu ufunguo uko kwenye ukoo wangu. Baba aliushika miaka na miaka, akaniachia mimi pamoja na kibanda cha viatu. Upande wa hekalu anaushika Fundi Saa, ambaye duka lake limepakana na kibanda changu, mtu ambaye ukitaka maneno mawili kwake inabidi uombe manne. Upande wa kanisa ndiko aliko Mama Cherehani. Huyo ameshona sare za shule za nusu ya mji, ametuzidi umri sote, na mimi ananijua tangu nikiwa na kamasi puani. Alifungua mlango ule pamoja na baba yangu kabla hajaufungua na mimi. Walikuwa wakitaniana asubuhi mpaka jioni, yeye akimwita baba "swahiba", na baba alipofariki akauhamishia utani wote kwangu bila kuniuliza.

"Baba yako alikuwa anafika hapa kabla ya jua," aliniambia mara nyingi mno. "Wewe unafika kama mtu aliyeletwa na polisi."

"Shikamoo, dada," namjibu. Ningejibu nini kingine?

Nilikuwa nimeshaamua kuacha. Mpwa wangu, kijana mzuri ila ana mdomo, alishakubali kuuchukua ufunguo. Mke wangu alishaniambia kwamba siku nitakayolala mpaka jua liingie chumbani atapika chai aniletee kitandani, jambo ambalo hajalifanya tangu tuoane. Nikasema nangoja mvua zikatike, barabara zikauke, niwaage wazee niondoke zangu. Basi kabla mvua hazijakatika Mama Cherehani akaanza kusahau.

Mwanzo tulidhani ni mzaha. Asubuhi moja alikuja, akasimama mbele ya komeo, akachomeka ufunguo wake kwenye kufuli la Fundi Saa. Kwa bahati wageni walikuwa hawajaingia uani. Siku nyingine Fundi Saa angewaka, maana kwa kufuli lile huwa hana simile, lakini aliniangalia mimi kwanza.

"Dada," akasema taratibu, "hilo langu."

Alishtuka, kisha akacheka. "Najua. Nilitaka kuona kama nawe unafunguka, maana mdomo ndiyo hivyo tena umeshindikana."

Tukacheka sote. Wiki ile ile akaja na ufunguo wa kabati la nguo, tukamrudisha nyumbani kuufuata wa kweli. Halafu akaja na mkasi wake wa kazi, ameushika mkononi vizuri kabisa, akausogeza kwenye kufuli kana kwamba anakata uzi. Siku hiyo hakuna aliyecheka, na wageni tukawaambia kufuli limekwama, warudi kesho.

Jioni yake binti yake akaja kibandani kwangu. Ni nesi, anafanya zamu za usiku hospitalini, na amekaa na mama yake tangu baba yao alipoondoka duniani. Aliweka kiatu mezani ambacho hakikuwa na kasoro yoyote.

"Hiki kina nini?" nikamuuliza.

"Hakina kitu, mjomba." Akakaa kwenye kigoda cha wateja. "Mama jana kaniamkia. Kaniambia shikamoo."

Nikaweka nyundo chini. Mama mzazi amwamkie mwanawe.

"Ufunguo ameshaupoteza," akaendelea. "Nimepekua nyumba nzima, nimeinua hata magodoro. Nikimwambia mama, pumzika, ananiambia wananisubiri mlangoni. Anaoga, anavaa, anajifunga kitambaa, anatoka. Siku ya Jumapili nikichelewa kumwamsha anagombana na mimi. Mjomba, wazee wakijua watamnyang'anya ile kazi. Na wakimnyang'anya hainuki tena kitandani. Nimewaona wengi kule wodini. Nitamzika mwaka huu huu."

Nilitaka kumwambia kwamba mimi mwenyewe nilikuwa naacha. Nikamrudishia kiatu chake, nikamwambia nitaangalia la kufanya, maneno ambayo mtu husema akiwa hana la kufanya.

Nikampelekea Fundi Saa habari hiyo. Alisikiliza huku jicho moja limebana kile kioo chake kidogo, hakuinua kichwa. Nilipomaliza akasema, "Kesho uje mapema." Basi.

Kesho yake, watu wa swala ya alfajiri walipotawanyika, tulikuwa wawili mbele ya mlango. Akatoa kwenye mfuko wa shati bisibisi ndogo kama sindano. Mimi nikasimama nikimziba kwa kanzu yangu, macho langoni, maana tulichokuwa tunafanya hakijawahi kufanywa na watu wa mlango ule tangu makufuli yawekwe. Alilichokonoa kufuli la kanisa likaachia. Kisha akalitoa tumbo lote, vyuma vidogo vidogo akavifunga kwenye leso. Akaliacha ganda. Ukilibana linakaa, kwa macho limefungwa, lakini ulivute hata kwa kidole linakuja.

"Kufuli ni saa isiyotembea," alisema. Nadhani ndiyo sentensi ndefu kuliko zote niliyopata bure kwake.

Mama Cherehani akaja jua limeshachomoza, na ufunguo wake wa kabati. Akauchomeka, akauzungusha kidogo, akavuta, kufuli hilo mkononi. Akatugeukia kifua mbele.

"Mnaona? La kanisa halina maneno mengi."

"Halina, dada," tukaitikia.

Hapo ndipo uchovu wangu ulipopata mkubwa wake. Kabla ya hapo nilikuwa nimechoka mwili. Sasa kila jioni makufuli yalipobanwa nilisikia yakilia mawili tu, tak, tak, na la tatu likikaa kimya. Wakristo walikuja na mishumaa yao, wakapiga magoti kwa Bibi, wakiamini kwamba mlango ule una mkono wao. Haukuwa nao. Walioushika walikuwa mimi na mtu wa hekaluni. Nilijua kabisa kwamba ikijulikana hakuna atakayeuliza tulikuwa na nia gani, watasema wawili wamekula njama dhidi ya mmoja, na kutoka hapo kwenda kwenye mawe si mbali. Na kuacha tena siwezi. Ningemwachiaje mpwa wangu na mdomo wake ule? Angejua siku ya kwanza, na kabla ya adhuhuri mji mzima ungejua.

Mvua zikakatika. Barabara zikakauka. Mke wangu akaacha kuniuliza.

"Wewe na huo mlango mmeoana," alisema siku moja, akinikanda goti kwa mafuta. "Mimi nikae tu pembeni."

Sikumwambia kitu. Ningemwambia ningemtwisha naye mzigo, na usingizi wake yeye ulikuwa bado mzuri.

Halafu siku moja Mama Cherehani akaonekana amesimama njiani, anawauliza wapita njia nyumba yake iko wapi, na nyumba yake iko nyuma yake. Habari hiyo ikamfikia mzee wa kanisa. Akaja kibandani kwangu, mtu mzima mpole, sauti ya chini, kofia mkononi. Angekuja kwa ukali ningejua la kumfanya. Upole ndio ulioniweza.

"Ndugu yangu," alisema, "Alhamisi asubuhi tutakuja wazee watatu, mmoja kila upande. Mama afungue kufuli mbele yetu, bila msaada. Akiweza, hatutalizungumza tena. Akishindwa, tutampumzisha kwa heshima zote. Si vibaya, au vipi?"

"Si vibaya," nikasema.

Alipoondoka nikaenda kwa Fundi Saa. Kwa mara ya kwanza nilimwona akicheka mpaka mabega yakatikisika.

"Hata aje na kijiko," akasema.

Nami nikacheka. Tulikuwa na hakika. Kitu pekee alichotakiwa kufanya Mama Cherehani siku ya Alhamisi ni kufika.

Hakufika.

Jua likapanda ukuta wa msikiti, likashuka upande wa pili, likatandaa uani. Mzee wa kanisa alikaa kwenye ukingo wa kisima pamoja na mzee wa hekalu, na imamu wetu amekaa kati yao akihesabu tasbihi. Nje ya lango watu wa Bibi walikuwa wameanza kujaa: mama mwenye mtoto mgongoni anayekohoa, mzee aliyefungwa bandeji machoni, wasichana wawili wenye maua kwenye gazeti. Fundi Saa alinitazama. Nikajua ni mimi wa kwenda.

Nyumba yake iko nyuma ya soko, juu ghorofani, na ngazi zile nilizipanda nikizilaani moja moja. Binti yake ndiye aliyenifungulia, bado amevaa sare za kazi, macho mekundu.

"Amegoma, mjomba. Nimemvalisha, amevaa hadi viatu, halafu akarudi kitandani navyo."

Ndivyo ilivyokuwa. Alikuwa amelala chali, gauni la kutokea, kitambaa kichwani, na viatu vinachungulia chini ya blanketi. Viatu nilivitia soli mimi mwenyewe. Cherehani iko dirishani, imefunikwa shuka. Akageuza kichwa akaniona, na uso wake ukafunguka kwa furaha ambayo hajawahi kunionyesha mimi hata siku moja.

"Umekuja, swahiba."

Watu husema nimefanana na baba, hasa tangu ndevu zilipokuwa nyeupe. Nilitaka kumsahihisha. Badala yake nikavuta kigoda, nikakaa.

"Mlangoni wanakusubiri," nikasema.

"Najua. Leo siendi, nimechoka." Akalivuta blanketi. "Mwanao yupo pale?"

"Yupo."

"Maskini ya Mungu. Umeona anavyotembea? Anashika goti akidhani hatumwoni."

Nikaondoa mkono gotini.

"Nikwambie kitu," akasema, akashusha sauti, "lakini asijue. Kufuli langu bovu. Wameliharibu wao, yeye na yule wa saa. Wanadhani sijui. Siku nyingine sijui kweli, swahiba, siku nyingine sijui hata huyu msichana anayenivalisha ni wa nani. Lakini siku nikiwa na akili zangu, nalivuta linaachia lenyewe, ufunguo haujaingia hata nusu. Mimi si mjinga."

"Na hukuwaambia?"

"Niwaambie nini? Ungewaona. Wamesimama wamebana pumzi, macho kodo, mmoja huku mmoja huku, wanangoja nifungue. Nikifungua wanapumua. Nikasema, hawa watoto wananihitaji. Wa kwako hasa. Tangu ufe hana mtu wa kumsema." Alisema hivyo, tangu ufe, akiniangalia usoni, wala hakuona ajabu. "Kila asubuhi nataka kulala. Mungu ananijua ninavyotaka kulala. Kisha nasema hapana, mtoto wa swahiba yuko pale na goti lake, ananisubiri. Siwezi kumwacha. Akiacha yeye, na mimi nitaacha."

Mlangoni binti yake alikuwa amejiziba mdomo kwa mkono. Mimi sikujua nicheke au nilie. Miezi yote ile nimejikaza, nimedanganya watu wa dini tatu, nimekosa usingizi, ili yeye apate sababu ya kuamka. Na yeye, mifupa yake ile, alikuwa anaamka ili asiniachie mlango peke yangu.

"Wewe ndiye baba yake," akasema. "Atakusikia. Mwambie akalale."

"Nitamwambia."

"Si kesho. Leo."

"Leo hii, dada."

Nilishuka zile ngazi polepole. Uani walikuwa wamesimama, na mzee wa kanisa akaja mbele kunipokea.

"Yuko wapi mama?"

"Haji."

"Basi," akasema, na kwa kweli alisikitika, "tumeshajua."

"Hamjajua bado. Mzee, njoo hapa. Shika kufuli lenu ulivute."

"Lakini ufunguo—"

"Livute tu."

Aliweka kofia yake kichwani ili apate mikono miwili, akalivuta kwa nguvu, akarudi nyuma hatua nzima, maana kufuli lilikuja bila ubishi. Akaligeuza. Akachungulia ndani yake, akaona hakuna kitu. Nikawaeleza. Sikutia chumvi na sikujitetea, nguvu za kujitetea sikuwa nazo. Niliposema ilikuwa kazi yangu, Fundi Saa akasogea akasimama kando yangu.

"Bisibisi ilikuwa yangu," akasema.

Imamu alijifunika uso kwa viganja. Mzee wa hekalu alianza kusema kitu kwa hasira, akakatiza, akaanza tena. Mzee wa kanisa aliendelea kulitazama lile ganda, akilipapasa kwa kidole.

"Kwa hiyo muda wote huu," akasema, "sisi hatukuwepo hapa."

"Hamkuwepo," nikasema. "Tusameheane."

Sijui tungesimama pale mpaka lini kama si yule mama mwenye mtoto anayekohoa, ambaye alikuwa ameshaingia uani bila ruhusa.

"Samahanini, wazee wangu," alisema. "Sasa leo tunaingia au hatuingii?"

Fundi Saa akafungua lake. Nikafungua langu. Mzee wa kanisa mwenyewe ndiye aliyeliondoa komeo, na watu wakapita kati yetu kwenda kwa Bibi na maua yao na mishumaa yao, kama siku zote.

Kabla ya jua kuzama walitunyang'anya funguo sote wawili, na walikuwa na haki. Kanisa likaleta kufuli jipya lenye tumbo lake. Ufunguo wetu akapewa mpwa wangu, mbele ya wazee, akiapa huku anapiga miayo. Mke wangu aliposikia alienda kufunga pazia la chumbani ili jua lisiniwahi. Fundi Saa alinisindikiza mpaka kibandani.

"Ungeniambia kwanza," akasema.

"Ungenizuia."

Akafikiri. "Ndiyo," akasema, akaingia dukani kwake.

Asubuhi iliyofuata niliamka saa ile ile. Mwili hausikii habari za wazee. Nikaswali, nikatoka, nikajikuta nimeupita msikiti na ninapanda zile ngazi za nyuma ya soko. Binti yake alinifungulia bila kuuliza kitu.

Mama Cherehani alikuwa macho. Alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda na gauni la kulalia, mguu mmoja umeshaingia kiatuni, mwingine anauhangaikia. Aliponiona akasimamisha kazi.

"Swahiba," akasema. "Yule mtoto ameenda mlangoni?"

"Hajaenda," nikamwambia. "Amelala."

"Usinidanganye."

"Haki ya Mungu. Nimemwacha amelala fofofo, anakoroma."

Kisha akaachia pumzi, ndefu, nikaona mabega yake yakishuka. Nikapiga magoti, goti likalia, nikamvua kile kiatu, na binti yake akamwinulia miguu kitandani.

"Afadhali," alisema, akageukia ukutani. "Basi na mimi nilale."